Zeinat Sedki na Kicheko cha Watu

Picha ya sinema ianzapo, majina ya wachezaji hupita mbele ya macho yetu kwa mpango wa vyeo. La kwanza ni la mpenzi, la pili ni la mpendwa, na yote mawili huandikwa kwa herufi kubwa. Kisha hufuata kundi la majina madogo ambayo watu wengi hawayasomi, kwa kuwa saa ile wangali wakitafuta viti vyao gizani. Insha hii ni juu ya jina moja katika kundi hilo. Ni jina la Zeinat Sedki, mwanamke wa Misri aliyechekesha watu karibu miaka arobaini, na ambaye katika picha zake nyingi hakuwa bibi arusi, bali mwanamke aliyechelewa kuolewa na ambaye kila mtu nyumbani amekwisha kukata tamaa juu yake, isipokuwa yeye mwenyewe.

Kijana msomaji, nataka tuulizane swali ambalo si jepesi kama lionekanavyo. Tumchekapo mwanamke kwa sababu hana mume, twacheka nini hasa? Na mchezaji ambaye kazi yake ni kuchekwa hivyo, leo na kesho, picha hata picha, ana uwezo gani juu ya kicheko hicho? Je, yeye ni kama ngoma ambayo hupigwa tu, au yumo pia katika mkono wa mpigaji?

Zeinat Sedki alizaliwa mwaka 1913 katika mji wa Alexandria, ulioko pwani ya kaskazini ya Misri. Jina alilopewa na wazazi lilikuwa Zeinab. Jamaa zake hawakuipenda kazi ya jukwaani, na wakati ule si wao peke yao waliokuwa na mawazo hayo. Msichana aliyepanda jukwaani alihesabiwa kuwa ameshuka mahali pengine. Yeye alipanda. Alianza kwa kuimba na kucheza, kisha akaingia katika kundi la Naguib el-Rihani mjini Cairo. Sedki lilikuwa jina la rafiki yake, naye alilichukua likawa lake. Lakini katika michezo ya Misri alikuwapo tayari bibi mwingine, Zeinab Sedki, mchezaji mwenye sifa. Kwa hiyo jina la mgeni likageuzwa kidogo likawa Zeinat. Basi waona kwamba hata katika jina lake alilazimika kumpisha aliyetangulia.

Shule aliyoingia kwa el-Rihani haina budi kuelezwa, maana bila hiyo hatutaelewa lolote katika kazi yake. El-Rihani, aliyeishi tangu 1889 hata 1949, alipata sifa kwanza kwa kumwigiza Kishkish Bey, mzee wa kijiji mwenye fedha aendaye mjini na kutapanya mali yake kwa anasa. Watazamaji walimjua Kishkish Bey mara aingiapo, kama vile sisi tumjuavyo Sungura katika hadithi za bibi zetu. Hatuhitaji kuambiwa tena kuwa Sungura ni mjanja. Twataka kuona ujanja wake utapita mlango gani safari hii. Huo ndio mchezo wa mtu wa namna moja. Mchezaji huchukua sura, sauti na mwendo, akavishikilia, na kazi yake yote ikawa ni kuvifanya vipya kila usiku bila ya kuvibadili.

Sinema ya Misri iliirithi desturi hii na kuitia haraka. Kiwanda kikubwa cha picha, Studio Misr, kilifunguliwa mwaka 1935 kwa fedha za benki ya Misr, na kufikia miaka ya 1950 nchi ile ilikuwa ikitoa picha hamsini hivi kwa mwaka. Picha zitengenezwazo kwa haraka namna hiyo hazina nafasi ya kueleza tabia ya kila mtu. Sharti mtazamaji afahamu papo hapo: huyu ni mama mkwe, huyu ni mtumishi, huyu ni mama mwenye machozi. Kwa hiyo Mary Mounib alikuwa mama mkwe, na mwaka 1951 ilitolewa picha ambayo jina lake lasema kwamba mama mkwe ni bomu la atomiki. Widad Hamdi alikuwa mtumishi wa nyumbani, akifungua milango na kupeleka barua za wapenzi katika picha zisizo idadi. Amina Rizk alikuwa mama aliaye. Na Zeinat Sedki akapewa fungu lililokuwa chungu kuliko yote.

Nasema chungu kwa sababu hii. Mama mkwe huchekwa kwa ukali wake, na mkali ana nguvu. Mtumishi huchekwa kwa udaku wake, na mdaku ana habari. Mwanamke aliyechelewa kuolewa huchekwa kwa kitu asichokuwa nacho. Mtungaji wa mchezo humweka pale kama dosari ya nyumba, kama mlango uliopinda, ili kila apitaye aseme neno juu yake.

Sasa tuitazame picha iliyo maarufu kuliko zake zote, nayo ni Ibn Hamido ya mwaka 1957, iliyoongozwa na Fatin Abdel Wahab. Mambo yake hutendeka Suez, mjini mwa mabaharia na wavuvi. Vijana wawili, Ibn Hamido na Hassan, wanafika pale wakijifanya watu wa bahari, kumbe ni askari wanaowafuatia wauzaji wa hashishi. Ibn Hamido ni Ismail Yassin, mchekeshaji mwenye kinywa kipana ambaye katika miaka ile jina lake lilitosha kujaza jumba la sinema. Hassan ni Ahmed Ramzy, kijana mzuri wa sura. Katika mji ule yuko nahodha aitwaye Hanafi, ambaye ni Abdel Fattah el-Kasri, na katika jamaa yake wamo wanawake wawili tunaowahitaji: Aziza, ambaye ni Hind Rostom katika uzuri wake wote, na Hamida, ambaye ni Zeinat Sedki.

Hassan anampenda Aziza, na Aziza anampenda Hassan. Hamida anamtaka Ibn Hamido. Kwa maneno machache hiyo ndiyo picha, ukiondoa wezi na chombo kipya cha nahodha ambacho kimepewa jina la fahari la meli kubwa ya Wafaransa, nacho kinaposhushwa majini kinazama. (Chombo kile chastahili insha yake peke yake.)

Fikiri, msomaji, juu ya wale wapenzi wawili wazuri. Wanatazamana, wanashusha pumzi, wanatafutana penye faragha. Watazamaji wametulia na hakuna achekaye. Hamida naye anataka kitu kile kile hasa. Tofauti ni kwamba yeye hulisema jambo lake kwa kinywa, mchana, mbele za watu, kwa sauti ya kusikika nyumba ya tatu. Na jumba zima huangua kicheko. Basi kinachochekwa si tamaa ya kuolewa. Kama ingekuwa ni tamaa, tungemcheka Aziza pia. Kinachochekwa ni umri, na pamoja na umri ule uwazi wa kusema. Desturi ilimruhusu mwanamke kutaka kwa sharti la kuficha. Hamida anakataa kuficha.

Angalia jambo jingine. Wakati ule Zeinat Sedki alikuwa na umri wa miaka arobaini na minne. Ismail Yassin naye alikuwa amekwisha kuvuka arobaini, wala hakuwa mtu wa kusifiwa sura. Yeye mwenyewe alikifanyia mzaha kinywa chake katika picha zake. Lakini hatumwoni Ibn Hamido akisimangwa kwa kukosa mke. Yeye ni mwanamume ambaye bado hajaoa, na neno hilo bado lina matumaini ndani yake. Mwanamke wa umri ule ule ni msiba wa nyumba. Mtungaji wa picha hakuiona tofauti hiyo kuwa ni jambo la kuelezwa, wala watazamaji wake hawakuiona, na huenda wengi wetu tungeipita vivyo hivyo kama mchezaji angekuwa mwingine.

Lakini mchezaji alikuwa Zeinat Sedki, na hapa ndipo nitakapo kusimama kidogo. Mchezaji dhaifu angalimwigiza Hamida kama mtu aombaye. Angalipindisha mabega, angalifanya macho ya unyonge, na kwa njia hiyo angaliwapa watazamaji ruhusa ya kumdharau. Zeinat hafanyi hata moja katika hayo. Huingia kama mwenye nyumba. Kidevu kiko juu, mkono uko kiunoni, na maneno yanatoka kwa kasi kama mahindi katika kikaango. Hamida wake hamwombi Ibn Hamido amwoe, bali ampa habari kwamba jambo hilo limekwisha kukatwa. Hajioni kuwa amepungukiwa na kitu. Aonavyo yeye, waliopungukiwa ni wanaume wa Suez, ambao kwa miaka yote hiyo wamekosa akili ya kutambua kilichokuwa mbele yao.

Kwa namna hiyo kicheko huanza kuhama. Tulianza kwa kumcheka yeye, na kabla ya kutambua tunamcheka Ibn Hamido, ambaye anatetemeka mbele ya mwanamke huyu kuliko atetemekavyo mbele ya wezi.

Ulinganishe na nahodha Hanafi, na hapo utaona picha ilivyo na hekima pengine kuliko ilivyokusudia. Hanafi ana neno lake moja maarufu, ambalo Wamisri hulitaja mpaka leo: kwamba neno lake haliwezi kuanguka chini abadani. Hulitamka kwa ukali kama amri ya mfalme. Mara mkewe humtazama, na Hanafi huongeza kwa sauti ndogo kwamba, haya, safari hii litaanguka. El-Kasri alikuwa fundi mkubwa, na mchezo huu ni mzuri ajabu. Lakini tazama jinsi vichekesho viwili vilivyowekwa chini ya paa moja. Mwanamume mwenye cheo, ambaye sheria na desturi zimempa kauli, kila asemapo neno lake laanguka. Mwanamke asiye na cheo wala mume wala kauli husema neno lake, na likabaki limesimama. Hanafi atuchekesha kwa kuwa asema nguvu asizokuwa nazo. Hamida atuchekesha kwa kuwa asema haja aliyo nayo kweli. Kati ya wawili hao, mwongo ni nani?

Sikusudii kukudanganya kwamba ustadi huo wote waweza kuonekana na mtu asiyejua Kiarabu. Sehemu kubwa ya kazi ya Zeinat Sedki ilikuwa katika ulimi. Alikuwa na namna ya kutukana kwa vina. Moja ya matusi yake yaliyobaki vinywani mwa watu ni lile alilomtupia mwanamume kwa kumwita insan el ghab, tawil el nab, yaani mtu wa mwituni mwenye chonge ndefu. Kwa Kiswahili tusi limebaki na chonge, lakini muziki umepotea, kwa kuwa ghab na nab hugongana katika Kiarabu kama vina vya mashairi yetu vigonganavyo. Mtu anayetukana kwa vina hajashindwa na hasira yake, bali ameitawala. Mwenye kutukanwa hupigwa mara mbili, kwa maana na kwa sauti, na akitaka kujibu hana budi kutafuta kina. Sisi ambao tumekua katika lugha yenye mafumbo na majibizano ya mashairi tunaufahamu vyema uzito wa silaha hiyo.

Huenda hii ndiyo sababu mojawapo kwamba jina lake halikuvuka bahari kwa urahisi. Picha za Misri zilipendwa sana katika mwambao wetu, hasa Unguja, tangu miaka ya 1930. Watu walizitazama kwa ajili ya nyimbo za Umm Kulthum na Mohamed Abdel Wahab, na mafundi wa taarabu walijifunza tuni kutoka huko. Wimbo waweza kupendwa na mtu asiyeelewa maneno yake. Tusi lenye vina haliwezi.

Mwaka 1958, mwaka mmoja baada ya Ibn Hamido, Zeinat alitokea katika Share' el Hob, yaani Njia ya Mapenzi, iliyoongozwa na Ezz El-Dine Zulficar. Hii ni picha ya Abdel Halim Hafez, mwimbaji aliyekuwa kipenzi cha vijana wa nchi za Kiarabu. Yeye ni kijana maskini wa barabara ya Mohamed Ali mjini Cairo, barabara ya wapiga muziki na wachezaji wa harusi, na watu wa mtaa huo wanachanga ili apate kusoma muziki. Zeinat ni mmoja wao, aitwaye Saniya Tartar. Tartar ni puleki, vile vipande ving'aavyo vishonwavyo katika nguo za wachezaji, na jina hilo latosha kutuambia kwamba huyu ni mwanamke wa harusi za wengine. Ampendaye ni mkuu wa bendi ya matarumbeta, mtu mwenye majivuno makubwa ajiitaye Hasaballah wa Kumi na Sita, kana kwamba bendi ile ni ufalme na yeye ameurithi. Abdel Salam el-Nabulsi ndiye aliyemwigiza, na hao wawili kila wakutanapo huiba picha, naam, huiiba hata mbele ya Abdel Halim, jambo ambalo halikuwa jepesi.

Mimi naipenda Saniya yake kuliko Hamida, ijapokuwa watu wengi watanipinga. Hamida ana nguvu moja tu. Saniya amevaa puleki za zamani na anajua kuwa ni za zamani. Anampenda mtu mwenye majivuno na anajua kuwa ni majivuno. Na katika mchango wa kumsomesha kijana yumo, mtu ambaye hakupata mengi akitoa ili mwingine apate. Picha haikawii juu ya jambo hilo, kwani ina nyimbo za kuimba. Lakini Zeinat hulitia katika uso wake, na aliye na macho hulipata.

Haki yataka nitaje makosa pia. Mtu aliyecheza katika picha nyingi namna ile hawezi kuwa mzuri katika zote, naye hakuwa. Ziko picha ambamo huingia, hupiga kelele, hutoka, na tukimwondoa hakuna kitakachopungua ila kelele. Ile sauti iliyokuwa silaha ikawa mazoea. Waongozaji walimwita kama mpishi aitiavyo chumvi, na chumvi hawaulizi inataka kufanya nini. Naona kosa hilo ni lao zaidi kuliko lake, lakini lake limo. Mchezaji akubaliye kila kazi huwafundisha watu kutomtazama.

Na jambo ambalo watazamaji wake wengi hawakulijua ni kwamba yeye mwenyewe aliwahi kuolewa. Aliolewa na kuachana, na maisha yake hayakufanana na yale ya picha. Wala hakuwa mbaya wa sura; picha zake za ujana zamwonyesha bibi mzuri. Ubaya na upweke ambao watu walimcheka kwavyo vilikuwa ni vazi lake la kazi, alilivaa asubuhi na kulivua jioni. Nalitaja hili kwa sababu watu humwonea huruma mchezaji mahali pasipostahili. Walimwonea huruma kwa kukosa mume, kitu ambacho hakikuwa kweli. Msiba wake wa kweli ulikuja baadaye, nao haukuwa wa kuchekesha.

Katika miaka ya 1960 mambo yaligeuka. Kundi la watu aliozoea kucheza nao lilivunjika. Abdel Fattah el-Kasri alikufa mwaka 1964, el-Nabulsi mwaka 1968, Ismail Yassin mwaka 1972, baada ya kupungukiwa na kazi na fedha. Sinema ilitaka sura nyingine na mizaha mingine. Zeinat, ambaye alikuwa amefundishwa kufanya jambo moja na kulifanya kuliko wote, alikuta jambo hilo halihitajiwi tena. Mchezaji wa jina la kwanza akizeeka hupewa kazi ya baba au ya mama, na heshima yake humfuata. Mchezaji wa pembeni hana cha kumfuata. Alikaa akiingojea kazi, na ilipokuja ilikuwa haba.

Picha yake ya mwisho ilitolewa mwaka 1975, nayo yaitwa Bint Ismaha Mahmoud, maana yake Msichana Aitwaye Mahmoud. Ni habari ya msichana anayejifanya mwanamume ili apate uhuru ambao baba yake hangempa akiwa msichana. Kwa mtu aliyekuwa ameigiza miaka mingi wanawake wasiojificha, hiyo ilikuwa picha ya ajabu kumalizia. Mwaka 1976 Rais Anwar Sadat alimtunukia heshima katika Sikukuu ya Sanaa, naye akapewa fedha za kila mwezi za kumsaidia. Alikuwa na miaka sitini na mitatu. Alikufa tarehe 2 Machi 1978.

Ibn Hamido ingali ikionyeshwa katika nchi za Kiarabu. Ukipata nafasi ya kuiona, usimtazame Hamida asemapo tu. Mtazame pia mwingine asemapo, yeye akiwa pembeni akisikiliza, mkono kiunoni, akingoja zamu yake.